Geuza Kwanza: Mama Anayepiga Pasi Majoho ya Mawakili wa Kimanga

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, makaa yameshika, na Mama Pétronille anageuza joho la wakili ndani nje. Anaingiza mkono katika mkono wa joho, anauvuta, kisha wa pili, mpaka mishono yote inatazama juu na ule weusi wa kuogopesha umejificha chini. Anatandaza kitambaa chenye unyevu juu yake, anainua pasi, anapuliza majivu, na kazi inaanza.

“Toje nyeusi, haupige pasi ku uso,” anasema bila kuinua macho. Toje ndilo jina la joho hapa Uvira. “Utaunguza, na itaanza kungaa sawa kiatu. Geuza kwanza. Ukitengeneza ndani, inje itajitengeneza.”

Banda lake liko Kimanga, nyuma ya barabara kuu, mabati matatu na nguzo nne. Kwenye kamba yananing'inia majoho mengine manne yakisubiri zamu, na pembeni yake vile vitambaa vyeupe vya shingoni, vilivyotiwa wanga wa muhogo hadi vikakauka kama samaki wa juani. Chini ya kamba kuna benchi. Benchi hilo ndilo lililomletea mama huyu sifa ambayo hakuiomba.

Leo kazi haijafika mbali. Mwanamke mwenye kitenge cha bluu anaingia akiwa amembana kuku kwapani. Anasimama mbele ya kamba, anayatazama majoho moja baada ya jingine, kisha anainamisha kichwa kwa heshima zote.

“Bonjour, Maître.”

Pétronille hacheki. Ameshazoea. Mawakili ndio huitwa Maître, na mtu akikuta majoho yametundikwa atadhani amefika ofisini kwao, kama ambavyo angekuta nyavu akadhani amefika kwa mvuvi.

“Siko avoka, mama. Minye niko napiga pasi tu. Toje ni za bantu.”

“Lakini banasema weye njo unatoaka mashauri.”

“Shauri, ndiyo. Avoka, hapana. Ikaa. Na huyo kuku umuweke chini, anachoka.”

Neno hilo, shauri, lina kazi nyingi katika mji huu. Aliyeshtakiwa husema ana shauri. Anayetaka mawaidha huomba shauri. Aliyeamua amekata shauri. Kifaransa cha mahakamani nacho hakikukubali kushindwa: wakili akisimama mbele ya hakimu huitwa konsei, na konsei ndiyo hiyo hiyo ushauri. Kwa hiyo mtu ametoka zake mlimani au nyandani, anaambiwa atafute konsei, naye hajui kama anatumwa kwa mtu mzima mwenye busara au kwa mtu mwenye joho. Wengi huishia bandani kwa Pétronille, ambako vyote viwili vipo, ila havijavaana.

Yeye mwenyewe hana shida na tofauti hiyo. “Avoka anasema pa fasi yako,” anaeleza, yaani mahali pako. “Shauri inafanya weye mwenyewe useme. Vyote ni vizuri. Lakini kama weye haujasema, avoka naye atasema nini?”

Kuna matumizi mamoja tu ya neno hilo asiyoyaruhusu chini ya mabati yake, nayo ni yale ya kumwambia mwenzako “shauri yako” na kumpa mgongo. Wakili mmoja kijana aliwahi kumwambia mteja wake hivyo akiwa ameketi benchini. Joho lake lilishinda kwenye kamba siku hiyo, limepigwa pasi vizuri kabisa, likimngoja aombe radhi. Aliomba.

Pétronille ana miaka hamsini na sita. Alizaliwa Luvungi, huko nyandani kwenye barabara ya Bukavu, na kazi ya pasi alifundishwa na masista, alipokuwa msichana, kwa kanzu za mapadri. Kutoka kanzu nyeupe hadi majoho meusi haikuwa safari ndefu. Joho moja humlipa faranga elfu tatu, na wiki ya mashauri mengi hupata majoho kumi na zaidi. Mahakama ikifungwa, hupiga pasi sare za shule na kula ugali kwa matembele.

Ushauri haulipishi. Ulianza wenyewe, kwa sababu wateja wa mawakili walihitaji mahali pa kukaa wakingoja, na mtu mwenye kesi akikaa mahali hawezi kunyamaza. Walikuwa wakimsimulia yeye, au pasi, au ukuta. Siku moja alichoka kusikia upande mmoja wa kila jambo, akamwambia mzee aliyekuwa akilalamika: “Baba, nipe mudomo ya ule mwingine. Sema sawa weye njo yeye.” Mzee akaduwaa. Akajaribu. Katikati ya maneno akanyamaza, akachukua kofia yake, akaenda kumtafuta huyo aliyekuwa akimshtaki.

Tangu hapo Kimanga wana msemo wao: “kugeuzwa na Mama Pétronille.” Si wote wanaokubali kugeuzwa. Mwanamume mmoja kutoka Kalundu aliambiwa aseme kwa mdomo wa ndugu yake. Akajibu kwamba ni afadhali apoteze kesi, akaenda zake, na akaipoteza. Pétronille anapomtaja huyo huwa hacheki.

Mwenye kuku anaitwa Louise. Majirani humwita Mama Héritier kwa jina la mwanawe wa kwanza. Ni mjane, muuza mikebuka, samaki wa ziwani waliokaushwa, mzaliwa wa ufukweni hapa hapa. Mwaka 2020, mto Mulongwe ulipofurika na kuingia mitaani, ulibeba nyumba yake, sufuria zake na mlango aliokuwa ameununua mwezi huo huo. Anausikitikia sana ule mlango.

Aliyempokea ni mwanamke mzee aliyekuwa na kiwanja juu kidogo ya mto, kando ya korongo. Mtaa mzima ulimwita Mama Achille. “Aliniambia: kuya, ujenge pale nyuma, maji haifikake huku,” Louise anasimulia. Hapakuwa na karatasi. Maji yalikuwa bado yanapita barabarani, na nani angekuwa na uso wa kuuliza karatasi?

Mgeni wa namna hiyo anajulikana katika desturi za nyandani na za ufukweni pia. Hupewa mahali pa kulala na mahali pa kulima. Apande maharage, lengalenga, mihogo, vyote vinavyong'olewa vikaisha. Mti hapandi. Anayepanda mti katika ardhi ya watu ameshasema kwamba ardhi ni yake, hata kama hajafungua kinywa. Mtoto mdogo analijua hilo. Louise analijua.

Na Louise alipanda mpera.

Mama Achille alifariki mwezi wa kwanza mwaka huu. Mwanawe wa pekee, Achille, ni motari, yaani dereva wa pikipiki ya abiria, huko Luvungi. Alikuja mazishini, akauona mpera, akamwambia Louise mbele ya watu abomoe kibanda chake aondoke. Sasa amechukua wakili. Jumatatu ijayo shauri linapelekwa mahakamani, na Louise, mwenye watoto watatu na meza moja ya samaki, hana mahali pengine pa kwenda isipokuwa kule kule mtoni.

“Yaya, unisikie,” anaanza, akimwita Pétronille kwa jina la heshima la kaka au dada mkubwa. “Ule mti, minye nilipanda juu…”

Hapa “juu” ni “kwa sababu”, na kabla sababu haijatoka Pétronille anainua pasi kidogo, kama trafiki anayesimamisha gari. “Bado. Kwanza nipe mudomo ya Achille.”

“Achille ni mwizi.”

“Achille hawezi kusema vile juu yake mwenyewe. Sema sawa yeye.”

Louise anamtazama kuku wake. Kuku anachakurachakura majivu. “Minye Achille,” anasema hatimaye, “niko nataka parsele, kiwanja ya mama yangu.”

“Na nini tena?”

“Sijue.”

“Basi rudi ku nyumba, umutafute ule Achille ndani ya kichwa yako. Jumamosi utanipa. Na kuku wako umubebe.”

Akaondoka akiwa hajaridhika hata kidogo. Alikuwa amekuja kutafuta mtu wa kumtetea, na mtu huyo alikuwa amemtaka amtetee adui yake. Mwandishi yeyote angemhurumia.

Lakini mwenye la kupoteza siku hiyo alikuwa Pétronille mwenyewe. Wakili wa Achille ni Maître Bertrand, na joho la Maître Bertrand ndilo linaloleta mengine yote bandani. Mawakili vijana humfuata huyo mzee kama vifaranga. Kumwingilia katika shauri lake ni sawa na kukata kamba ya majoho kwa mkono wako. Mwingine angemwambia Louise samahani, na hakuna ambaye angemlaumu.

“Niliogopa, sitakudanganya,” anasema. “Nikasema: leo haya makaa yanaweza kulala bila kazi. Lakini kama ningenyamaza, ilikuwa ni sawa kumuambia ule mama ‘shauri yako’. Maneno hiyo njo iliua baba yangu.”

Hadithi ya baba yake huisimulia namna moja siku zote. Alikuwa na shamba la mpunga Luvungi, limepakana na la mdogo wake aliyeitwa Antoine. Mpaka ukazua ugomvi. Ugomvi ukaenda mahakamani, ukala miaka, ukala mbuzi, na mwisho ukala mashamba yenyewe. Wazee wa pale, walipofuatwa ili waseme neno, walijibu, “Shauri yenu.” Ndugu hao wawili walikufa bila kula tena sahani moja. “Antoine alimuharibu baba yangu,” Pétronille humalizia, na hapo huongeza makaa hata kama yapo ya kutosha.

Jioni ile Maître Bertrand alipopita kuchukua joho lake, alimkuta amelishika mkononi tayari, naye akamwambia kila kitu akiwa amesimama: mama wa samaki amekuja, ameketi benchini, na yeye anataka kumkutanisha na Achille Jumamosi, kiwanjani kwa marehemu.

Wakili alikaa kwenye benchi. Ni mtu mrefu, mwenye sauti ya kukwaruza, na haelekei kuwa na haraka nje ya mahakama.

“Mama, mpaka Jumatatu sijaandika kitu,” alisema. “Ukiweza, fanya. Minye nitakuambia hakimu ataniuliza nini. Ataniuliza: nani alipanda mti? Nitasema: mugeni. Yule mama naye atasema: nilikaribishwa. Na shahidi yetu sisi bote wawili amekufa. Tutaenda hivyo miaka. Nitalipwa, ndiyo. Lakini ule mpera utazaa mara ngapi siye tukiwa tunabishana?”

Akasimama, akalipokea joho. Akiwa ameshavuka mtaro, akageuka.

“Na weye, Mama? Ile ya kwenu Luvungi, nani alikugeuzaka?”

Pétronille alicheka, akasema makaa yanazimika. Makaa hayakuwa yakizimika.

Jumamosi mchana, jua likiwa kali juu ya Mulongwe, watu watatu walisimama katika kiwanja cha marehemu. Achille alikuja kwa pikipiki yake kutoka Luvungi, vumbi hadi kwenye kope, na kofia yake ya pikipiki hakuiweka chini hata mara moja. Aliikumbatia kama mtoto. Ni kijana wa miaka thelathini na kitu, mwembamba, mwenye adabu. Alimwamkia Pétronille vizuri. Kumhusu Louise alisema tu “huyu mama”.

Majirani walikuwa wamekumbuka ghafla kwamba wana nguo za kuanika karibu na ua.

“Minye siko avoka,” Pétronille alianza, kama anavyoanza siku zote. “Avoka yuko, munamujua, na ataendelea kuwako. Leo hapa hakuna wa kushinda. Mama Héritier, geuza.”

Louise hakumtazama Achille. Alitazama vidole vyake vya miguu, na alisema taratibu, kwa sauti ya mtu anayesoma kitu cha mbali.

“Minye Achille. Niko motari ku Luvungi. Nilimuambia mama yangu nitakuya ku Noeli. Sikukuya, juu mvua ilikata barabara. Nikasema, basi mwezi wa kwanza. Mwezi wa kwanza bananipigia simu, banasema mama amekufa. Nafika. Muntu mwingine njo amemuosha. Muntu mwingine njo amemufunga macho. Bantu bote ba avenyu bako banamupa ule muntu pole, na minye bananiuliza: weye ni nani? Naangalia karibu na jiko ya mama, nakuta mti ya ule muntu, iko na matunda.” Akautazama mpera. “Basi minye niko nani ku parsele hii?”

Nguo za majirani zilisahaulika mikononi. Achille alikuwa amegeukia ukuta. Mabega yake yalipanda yakashuka, na Pétronille, ambaye kwa kawaida hamwachi mtu apoe, alimwacha.

Kuna watu wanaogombania ardhi kwa sababu wanaitaka ardhi. Kijana huyu, ilionekana wazi sasa, alikuwa akigombania kitu kingine ambacho hakuna mahakama inayoweza kukitoa, na aliyekijua alikuwa Louise yule yule ambaye kijana alitaka kumfukuza.

“Mwanangu,” Pétronille akasema baadaye. “Sasa weye.”

Achille akajifuta uso kwa kiwiko. “Minye ni huyu mama,” akaanza, akatafuta maneno. “Minye… Nilikuya na maji. Mama Achille alinipatiaka fasi. Nikajenga pale nyuma. Kisha nikapanda mti juu…”

Akakwama. Akarudia. “Nikapanda mti juu…”

Ili apate kuendelea alitembea hadi kwenye mpera wenyewe. Hapo ndipo alipoangalia, pengine kwa mara ya kwanza, mahali uliposimama. Kibanda cha Louise kiko nyuma kabisa, kwenye kona ya juu. Mpera uko upande wa pili, kwenye mdomo wa korongo, hatua chache kutoka ukuta wa jiko la mama yake. Kulia kwake ardhi imeliwa. Kushoto kwake ardhi imeliwa. Pale penye mti tu ndipo ukingo umebaki umejitokeza, na mizizi imeonekana pembeni, imeushika udongo barabara.

Achille akachuchumaa. Akatazama kibanda, akatazama mti, akatazama tena kibanda. Anayetaka ardhi ya watu hupanda mlangoni kwake mwenyewe, si jikoni kwa mwenye nyumba.

“Juu ya nini ulipanda huku?” akauliza.

Alikuwa ameacha kuwa Louise. Kwa sheria za benchi la Kimanga lilikuwa kosa, lakini Pétronille hakumkatiza.

“Kila mvua, udongo ilikuwa inaenda,” Louise akajibu. “Iko inakula kuelekea ku jiko ya mama yako. Minye nilishaonaka nyumba inaenda na maji. Nikamuambia, Mama Achille, tupande kitu yenye mizizi. Akasema: panda. Nikasema: hapana, minye niko mugeni, mugeni hapandake mti. Akanichekelea. Akasema: basi minye nitashika muche, weye utachimba. Yeye njo alishika muche.” Kisha, kwa sauti ya chini: “Sina shahidi.”

Achille aliinuka akaingia jikoni kwa mama yake, akakaa humo kwa muda, na sauti ya kiganja chake kikigonga ukuta ilisikika mara kadhaa. Alipotoka alikuwa na masizi mkononi.

“Jiko ingali imesimama,” akasema.

“Ingali,” Louise akakubali.

“Alikula mapera yake?”

“Ya kwanza njo alikula yeye. Alisema iko na mbegu mingi.”

Na hapo Achille akacheka, kicheko kifupi kilichomshtua mwenyewe, kwa sababu ndivyo mama yake alivyokuwa akisema juu ya kila tunda duniani. Akachuma moja, akaliuma, akatema mbegu upande wa korongo. “Mama Héritier,” akasema, “utanisamehe.”

Ingekuwa mahali pengine, watu wangepiga vigelegele, mama wa busara angesifiwa, na kila mtu angekwenda kwake. Pétronille aliwaangalia wawili hao wakipeana mikono, akangoja wamalize, akasema: “Sasa muende kwa avoka.”

Achille alishangaa. “Si tumepatana, Maman?”

“Mumepatana leo. Mama yako naye alikuwa amepatana na huyu, maneno muzuri kabisa, na tumeyazika pamoja naye. Shauri bila karatasi inakufa na mwenye kuisema. Nendeni, Maître Bertrand aandike.”

Jumatatu, badala ya shauri kwenda mahakamani, watu wawili walikaa upande mmoja wa meza ya Maître Bertrand. Aliandika kwa Kifaransa, akawasomea kwa Kiswahili: Louise anabaki na kibanda chake, mti ni mali ya mwenye kiwanja, na Louise ataendelea kuutunza ukingo wa korongo. Baba mdogo wa Achille, aliyetaka Louise aondoke, hajafurahi, na inasemekana anasema maneno kwenye misiba. Achille amemwambia aje Kimanga ageuzwe. Hajaja.

“Shauri la mahakama nimepoteza, lakini karatasi nimepata,” Maître Bertrand anasema, akionyesha joho lake lililotundikwa nyuma ya mlango, halina kazi wiki hiyo. “Bantu banafikiri siye na Mama Pétronille tunashindania wateja. Bantu anaonitumia yeye njo nawapenda, juu bamekwisha kusema uongo yao yote kule ku benchi.”

Yeye Pétronille anataka nini? Kwanza, bati la nne, kwa sababu mvua hulowesha upande wa benchi na watu wenye mashauri hawafai kukaa wakitetemeka. Pili, benchi jingine, ili wanaogombana wasilazimike kukaa bega kwa bega kabla hawajawa tayari. Jina la avoka halitaki. “Avoka amesomea,” anasema. “Minye nimesomea makaa.”

La tatu analitaja kwa shida. Achille, alipokuja kumshukuru, hakuleta kuku. Alisema: “Maman, minye niko naenda Luvungi kila wiki. Kama uko na safari, panda.” Ilikuwa adabu tu ya motari. Lakini Luvungi, kando ya mfereji wa mpunga, bado anaishi Victoire, binti wa Antoine, mtoto wa baba mdogo ambaye Pétronille alicheza naye utotoni na hajamwamkia tangu mazishi ya baba zao. Alimwambia Achille aje Jumapili baada ya misa.

Kwa hiyo leo, Jumamosi nyingine, anapiga pasi kwa haraka ili amalize mapema. Joho la mwisho ni la Maître Bertrand. Amelitandaza likiwa limegeuzwa, mishono juu, kitambaa chenye unyevu mahali pake. Benchi ni tupu. Anajua ni lazima ajaribu kabla ya kwenda, kama anavyowalazimisha wengine.

“Minye Antoine,” anasema, na kuacha.

Anavuta pumzi. Anaanza tena, kwa sauti nyingine kidogo, ya mtu aliyekufa zamani.

“Minye Antoine. Yaya yangu alitafuta avoka kabla ya kunitafuta minye.”

Pasi inabaki hewani. Moshi mwembamba unatoka katika matundu yake na kupita mbele ya uso wake. Kisha anaishusha kwenye kigae chake, mbali na joho, kabla haijaunguza kitu, na kujifuta macho kwa kile kitambaa chenye unyevu.

“Bantu wengi bananiambiaka ku ile benchi: kugeuzwa inauma,” anasema. “Nilikuwa nafikiri banazidisha.”